Taa Nyekundu ya Oili na Mafundi wa Winson Green

Ukimwambia mtu wa Birmingham kwamba unakaa Winson Green, kitu cha kwanza kumjia kichwani ni gereza. Ni kweli lipo, limesimama pale tangu 1849, na ndilo alilotoroka Charlie Wilson, mmoja wa wale wezi maarufu wa treni, mwezi Agosti 1964. Wengine watakutajia kipindi cha televisheni cha 2014 kilichopigwa kwenye mtaa mmoja wa hapa. Sisi wauguzi tunapajua zaidi kwa hospitali ya Dudley Road, ambayo huduma zake za dharura zilihamia hospitali mpya ya Smethwick iliyofunguliwa Oktoba 2024.

Mimi napapenda kwa sababu ya mafundi. Kati ya nyumba zilizoshikana, mfereji wa zamani wa mashua na njia ya tramu, kuna vijigereji vya magari vya kila aina: vingine mlango mmoja tu, jeki moja, redio ya Kipunjabi na birika la chai. Na mafundi hawa hawakuanguka kutoka mbinguni. Ukitembea kidogo kuelekea Smethwick unafika palipojengwa Soho Foundry, kiwanda ambacho Matthew Boulton na James Watt walikifungua 1796 ili watengeneze injini za mvuke. Wakati huohuo msaidizi wao, John Southern, alikiboresha kifaa cha Watt cha kupimia mvuke kikawa kinachora kwenye karatasi jinsi presha inavyopanda na kushuka ndani ya silinda. Walikificha kama siri ya kiwanda kwa miaka mingi. Unaona kwa nini: mwenye mchoro ule alijua injini inaumwa nini bila kuifungua. Kwa nesi, hiyo ni chati ya mgonjwa.

Sasa tuje kwenye magari yetu. Wengi wetu huku gari si anasa. Dada yetu mmoja wa Tanga, ambaye hutunza wazee majumbani kwao, mkataba wake unadai awe na gari linalotembea; gari likilala, na mshahara unalala. Ana gari dogo la petroli la mwaka 2011. Majira ya baridi yaliyopita taa nyekundu yenye picha ya kopo la oili ikaanza kupepesa kila aliposimama kwenye taa za barabarani Dudley Road, injini ikiwa imeshapata moto. Akigusa mafuta kidogo inazima. Asubuhi, injini ikiwa ya baridi, hakuna kitu. Alitoa dipstiki, akaifuta, akairudisha, akaitoa tena: oili ipo katikati ya alama mbili, safi kabisa.

Hapo ndipo watu wengi huchanganyikiwa, kwa sababu dipstiki inapima wingi na taa ile inahusu presha. Ni vitu viwili. Mgonjwa mwenye maambukizi makali ya damu anaweza kuwa na damu yake yote mwilini na bado presha ikaanguka, kwa kuwa mishipa imelegea na kupanuka. Injini nayo ni hivyohivyo. Pampu inavuta oili kutoka kwenye sampo kupitia kichujio cha wavu, inaisukuma kwenye filta, halafu kwenye nafasi nyembamba sana kati ya krenki na beringi zake. Ule ubishi wa nafasi nyembamba ndio unaojenga presha. Beringi zikilika, nafasi inapanuka, oili inapita kirahisi na presha inashuka hata kama pampu ni nzima. Oili ikipata moto inakuwa nyepesi, presha inashuka zaidi; ndiyo maana taa ile hupenda kuonekana safari ikiwa imekolea na injini ikiwa taratibu. (Kwetu nyumbani ukisema mtu "ana presha" tunaelewa imepanda. Kwa injini, inayotisha ni ya kushuka.)

Fundi wa kwanza, kwa simu, alimwambia ni swichi tu, abadilishe kwa pauni chache. Inawezekana, swichi hizo huharibika kweli. Wa pili alimwambia auze gari haraka kabla halijanoki. Mimi nilimwambia asikubali tiba kabla ya kipimo, nikampeleka kwa mzee mmoja wa Kipunjabi ambaye nilishamwona akifanya kazi.

Mzee hakubishana. Alifungua swichi ya presha ubavuni mwa injini, akafunga mahali pake geji ya mkono yenye mpira mrefu, akawasha. Baridi: bar 4. Akaiacha injini mpaka feni ikazunguka. Ikiwa taratibu, sindano ikakaa kwenye 0.4, kwenye mizunguko 2,000 ikafika 1.6 tu. Kwa magari mengi madogo, injini ya moto iliyo taratibu hutakiwa iwe kama bar 1 au zaidi kidogo, na ikikanyagwa ifike 3 hivi, ingawa kila gari lina namba zake kwenye kitabu cha mtengenezaji. Swichi nyingi huwasha taa presha ikishuka chini ya nusu bar hivi. Nikajaribu kuigeuza kwa lugha yangu ya wodini: bar 1 ni milimita 750 za zebaki. Ile 0.4 iliyotishia kuua injini ni 300, zaidi ya mara mbili ya presha yangu na yako. Chuma kina moyo mgumu.

Kwa hiyo taa ilikuwa inasema kweli. Kubadilisha swichi kungekuwa kumziba mdomo shahidi.

Mzee aliteremsha sampo. Kichujio cha wavu kilikuwa kimezibwa na tope jeusi kama masizi ya sufuria, tope la oili iliyokaa muda mrefu bila kumwagwa, kazi ya wenye gari waliotangulia. Ukaguzi wa MOT haukuona, wala haukutakiwa kuona. MOT hauangalii hali ya ndani ya injini. Watu hununua gari lenye MOT mpya wakidhani wamenunua na injini yenye afya.

Alisafisha, akaweka filta mpya na oili ya aina iliyoandikwa kwenye kitabu. Nilimuuliza kuhusu oili nzito zaidi, kama mafundi wengine wanavyofanya kupandisha geji. Akatikisa kichwa: geji itapanda, lakini asubuhi ya barafu oili nzito itachelewa kufika juu ya injini. Kipimo cha mwisho cha siku ile, injini ikiwa ya moto: 1.2 taratibu, 3 ikikanyagwa. Alitoza pauni 180, akasema beringi zimeshaanza kuchoka kidogo na arudi baada ya wiki mbili apimwe tena.

Kama taa hiyo ikikuwakia wewe barabarani na isizime, usitafute kituo cha mbele. Simama mahali salama, zima injini, piga simu uvutwe. Injini inaweza kunoki ndani ya dakika chache. Na kila asubuhi ukigeuza ufunguo, itazame: iwake kabla injini haijanguruma, izime sekunde chache baada ya kuwaka. Isipowaka kabisa mwanzoni, huenda taa yenyewe imekufa, na hilo ni baya kuliko kuwaka.

Wiki mbili baadaye sindano ilisimama kwenye 1.1. Dada yetu alimlipa mzee pauni 10 za kipimo, akaondoka haraka. Alikuwa na bibi wa kumwogesha Handsworth saa tatu.