Mlinzi wa Nyumba Tupu huko Golf

Anayefika Lubumbashi leo na kuulizia Golf ataulizwa naye: ipi? Golf Plateau, Golf Météo, au nyingine? Mji umekua ukauzunguka uwanja ambao Wazungu walichezea golfu, hata jina la uwanja likawa la mitaa. Tulikwenda huko kumwamkia mzee mmoja aliyepita miaka themanini, naye alitukaribisha chini ya mwembe.

“Mwalimu,” alisema, “mti kama huu ndio ulionilisha.”

Wasomaji wakumbuke kwamba Katanga ilijitenga na Kongo tarehe 11 Julai 1960. Tarehe 5 Desemba 1961 askari wa Umoja wa Mataifa na wale wa Moïse Tshombe walianza kupigana tena mjini, ulipokuwa bado ukiitwa Elisabethville. Makombora yaliangukia nyumba, hata hospitali. Makumi ya maelfu ya Waluba walikuwa wamekwisha kukimbilia kambi ya Umoja wa Mataifa, na miongoni mwao mke wa mzee huyu na mtoto wao mchanga. Yeye alibaki, boi wa Mzungu mmoja aliyekimbilia Rhodesia ya Kaskazini na kumwachia funguo zote, isipokuwa ule wa stoo.

Siku nne alikula maembe tu. Maji aliyakinga kwa karai chini ya bati, kwa kuwa ni majira ya mvua. Hakuthubutu kutoka: askari wangemsemesha, na matamshi yake yangemponza. Alilala chini ya meza ya jikoni pamoja na mbwa wa bwana wake, akizungumza naye ili asikie sauti ya mtu.

Siku ya tano njaa ilimshinda, akavunja kufuli. Kisha (hapo sisi walimu tulitabasamu) akatafuta daftari, akaandika: unga, kilo moja, samaki wa kopo, mawili, chumvi. Alisonga bukari alfajiri, ukungu ukificha moshi. Kila alichotwaa alikiandika na bei yake, kikatwe katika mshahara.

Mizinga iliponyamaza, alivuka mji kwa miguu, akikanyaga vioo, hadi kambini. Mkewe alimwona. Mtoto alikuwa amekwisha kuzikwa.

Bwana wake hakurudi. Daftari analo hata leo. Alilileta, akatuomba tuitazame hesabu. Tuliijumlisha mara mbili. Ilikuwa sawa.