Dhahabu Niliyomwandikia Mdogo Wangu

Ndugu msomaji, nakuomba usinicheke. Nataka kuungama jambo nililomtendea mdogo wangu kwa kumhurumia.

Mwaka 2006 alirudi kwangu Shinyanga kutoka machimbo ya Geita, mguu umevunjwa na jiwe ndani ya duara. Miaka minne alichimba, akarudi mikono mitupu. Mimi nilikuwa na kompyuta kuukuu ya kuchapia watu barua, na ndani yake mlikuwa na mchezo uitwao Diablo II, uliotoka Marekani mwaka 2000, mwaka ule ule mgodi mkubwa wa Geita ulipoanza kutoa dhahabu. Jina hilo kwa Kihispania ni Ibilisi. Mama alipolisikia alitaka kompyuta itolewe nje, mpaka nilipomweleza kwamba humo Ibilisi hupigwa, hatumikiwi.

Mchezaji hupewa shujaa dhaifu. Kila adui anayemwua humwongezea ujuzi, naye hupanda ngazi moja moja. Ya mwisho ni ya 99, na wachache huifikia. Mdogo wangu alishinda mbele ya kioo, mguu juu ya kigoda, sahani ya michembe kando. Baada ya majuma kumi alikuwa ngazi ya 31. Jioni alinihadithia alivyopata kila upanga na kila ngao. Humo alichopata kilikuwa chake. Hapana mwenye duara wa kudai mgao.

Sasa sikia nilivyofanya. Shujaa yule ni faili dogo tu: nguvu, silaha, dhahabu, yote ni tarakimu. Ziko programu za kulifungua faili hilo na kuzibadili, nazo hurekebisha hata hesabu ya ukaguzi iliyomo, mchezo usitambue kwamba limeguswa. Rafiki alinipa moja. Usiku mmoja, mgonjwa amelala, nikaandika 99 penye 31. Dhahabu nikaandika 990,000, maana shujaa huruhusiwa kubeba 10,000 kwa kila ngazi. Nikalala na furaha kama mtu aliyemnunulia mtoto viatu.

Asubuhi alifungua. Maadui wakaanguka kwa pigo moja moja. Alicheka, akaendelea kidogo, kisha akanyamaza. Kabla ya adhuhuri alizima mashine.

"Kaka, yule wangu yuko wapi?"

Nikamwambia ni yule yule, ila ameongezewa.

"Huyu ni wako. Mimi nataka yule wangu."

Sikuwa naye. Sikutoa nakala ya faili kabla ya kuligusa, kazi ya dakika moja tu, na mchezo ule ukifungwa huandika mapya juu ya yale ya kale. Nilirudisha 31 kwa programu ile ile. Akatazama, akatikisa kichwa.

Siku tatu hakugusa kompyuta wala hakuniambia neno. Siku ya nne nilimkuta ameanza shujaa mwingine, ngazi ya 1. Alipopona na kurudi Geita alikuwa amefika ya 12. Faili lile ninalo hata leo, pamoja na nakala yake. Sijalifungua.