Ujira wa Mtoto

Idd iliyopita, pilau ilipokwisha kuliwa na sinia kuondolewa, wanangu watatu, ambao sasa ni watu wazima, walikaa barazani hapa Likoni wakibishana juu ya Machachari. Nani alichekesha zaidi, Baha au Govi? Na Almasi je? Mchezo ule wa Citizen TV waliutazama utotoni pamoja na watoto wa jirani, mkeka wetu ukijaa pomoni.

Waigizaji wale nao wamekua. Tyler Mbaya, aliyekuwa Baha, sasa ni baba, na wengi bado humwita Baha. Waigizaji wa utotoni wakutanapo kukumbushana ya zamani, sisi watazamaji hufurahi kana kwamba ni jamaa zetu. Mimi hutamani kujua jambo moja: mtoto alipokuwa akifanya kazi, ujira wake ulikaa wapi? (Sina neno na wale wa Machachari, swali ni la kila mtoto.)

Jackie Coogan wa Marekani aliigiza na Charlie Chaplin katika The Kid, mwaka 1921, akachuma mamilioni ya dola. Alipokua, akakuta zimetumika. Mwaka 1938 alimshtaki mamake na baba yake wa kambo, akaambulia dola 126,000 hivi. Sheria ya California ilihesabu ujira wa mtoto kuwa mali ya wazazi. Mwaka 1939 ndipo ilipotungwa sheria ya kumwekea mtoto mwigizaji sehemu ya pato lake.

Huku kwetu simu yatosha. Binti wa kaka yangu, aliyeko Kisauni, humrekodi mwanawe wa miaka sita akitania, na wenye maduka humlipa ili mtoto ataje bidhaa zao. Nilipomuuliza kuhusu fedha hizo, alinijibu: "Shangazi, mtoto ni wangu, chake ni changu." Nikamkumbusha Sura An-Nisaa, aya ya 6, inayoamuru mayatima wakabidhiwe mali zao mbele ya mashahidi.

"Hiyo ni ya yatima," akasema.

Ni kweli. Lakini sioni kwa nini mtoto mwenye mama awe na ulinzi hafifu kuliko yatima, nami nilimwambia hivyo.

Alinyamaza. Juma lililofuata alinionyesha daftari jipya lenye jina la mtoto. Malipo mawili ya karibuni ameyaweka akiba. Ya kwanza yaliliwa na kodi ya nyumba. Nayo ameyaandika, na mbele yake ameandika "deni".