Sabarimala: Mlima ambapo kila mtu ni Swami

MSOMAJI, umewahi kuona waziri na utingo wa lori wakiitana kwa jina moja? Kama bado, fuatana nami hadi jimbo la Kerala, kusini mwa India, tupande mlima Sabarimala.

Kila mwaka, kuanzia katikati ya Novemba hadi katikati ya Januari, mamilioni ya Wahindu humiminika huku kumzuru mungu Ayyappan. Hekalu lake limejengwa mlimani ndani ya msitu wa hifadhi ya Periyar, makao ya tembo na chui-milia.

Hata hivyo, usidhani utafunga mizigo leo na kupanda kesho. Safari hii huanzia nyumbani, siku 41 kabla. Hujaji huvikwa tasbihi shingoni na kuvaa nguo nyeusi. Tangu siku hiyo hali nyama, hagusi pombe, hanyoi ndevu wala halali na mkewe. Huoga maji baridi na kulala sakafuni. Jina lake nalo huwekwa kando. Kila mtu humwita Swami, jina lile lile analoitwa mungu mwenyewe, naye huwaita wenzake vivyo hivyo.

Siku ya safari ikifika, hujitwika kichwani mzigo wenye mifuko miwili. Wa mbele ni wa sadaka na wa nyuma ni wa masurufu yake ya njiani. Sadaka kuu ni nazi iliyotolewa maji kupitia jicho lake na kujazwa samli.

Wengi hupitia mji mdogo wa Erumeli, na hapa utastaajabu. Mahujaji hawa wa Kihindu huingia kwanza kutoa heshima katika msikiti! Masimulizi yasema kwamba Ayyappan alikuwa na sahibu wa kufa na kuzikana aliyeitwa Vavar, naye alikuwa Mwislamu. Hata kule juu mlimani, karibu na hekalu, Vavar ametengewa mahali pake.

Kutoka Erumeli safari huelekea mto Pamba. Baada ya kuoga mtoni, huanza kupanda mwendo wa kilomita tano hivi, wengi wao miguu mitupu. Wazee na wagonjwa hubebwa kwenye viti na wanaume wanne. Mwishoni zipo ngazi 18 takatifu, na asiye na mzigo ule kichwani haruhusiwi kuzikanyaga. Huko juu nazi huvunjwa, samli ikamwagiwa sanamu ya mungu, na kifuu kikatupwa motoni. Samli ni roho, wasema waumini, na kifuu ni mwili.

Penye wengi pana mengi. Januari 14, 2011, zaidi ya watu 100 walikufa katika mkanyagano huko Pullumedu, walipokuwa wakirejea kutoka kuutazama mwanga mtakatifu wa Makaravilakku.

Lakini kuna jambo jingine lililoutikisa mlima huu. Karibu na hekalu la Ayyappan lipo hekalu la mungu wa kike aitwaye Malikappurathamma. Hadithi yasema alitaka kuolewa na Ayyappan, ambaye aliapa kuishi mseja. Akaahidiwa kwamba ataolewa mwaka ule ambao hatakuja hujaji yeyote mpya. Basi kila anayekuja kwa mara ya kwanza huchomeka mshale wa mti mahali paitwapo Saramkuthi. Kila mwaka mungu huyu hupelekwa kwa maandamano kuitazama mishale hiyo. Huikuta imejaa tele, akarudi zake kungoja tena.

Mwanamke anayepanda Sabarimala haitwi Swami. Huitwa Malikappuram, kwa jina la huyo anayengoja. Aidha, kwa miaka mingi walioruhusiwa ni wasichana wasiofika umri wa miaka 10 na akina mama waliopita 50. Walio kati ya hapo walizuiwa kwa sababu wamo katika umri wa hedhi, na mwaka 1991 Mahakama Kuu ya Kerala iliunga mkono katazo hilo.

Septemba 28, 2018, Mahakama ya Juu ya India ililifuta katazo hilo. Majaji wanne walikubaliana. Wa tano alipinga, naye ndiye aliyekuwa mwanamke pekee miongoni mwao! Watu walijaa barabarani kupinga uamuzi huo, wakiwemo wanawake wengi. Kwa upande mwingine, Januari 1, 2019, wanawake wa Kerala walijipanga bega kwa bega kwa umbali wa kilomita 620 kudai usawa. Alfajiri ya kesho yake wanawake wawili wa umri uliokuwa umekatazwa waliingia hekaluni wakilindwa na polisi. Kuhani aliufunga mlango ili pafanyiwe ibada ya utakaso. Novemba mwaka huo, mahakama ilipeleka maswali makubwa ya kesi hiyo kwa jopo kubwa zaidi.

Msomaji, kuna waumini wanaosema kwa dhati kwamba nadhiri ya mungu wao haiguswi na mahakama. Hata hivyo, mlima huu humfundisha waziri kumwita utingo Swami, na huwapeleka Wahindu msikitini kumheshimu rafiki. Je, unashindwa nini kumwita mama, dada na binti kwa jina hilo hilo?