Sikitiko na Radhi

Kiingereza cha barua rasmi kina kitenzi "regret", na kitenzi hicho ni mtumishi wa mabwana wengi. Mwombaji kazi aliyekataliwa hukikuta mwanzoni mwa jibu lake. Abiria aliyecheleweshwa hukisoma katika tangazo la reli. Na taifa lililoumizwa huletewa kicho hicho. Wa kwanza hakukosewa na mtu, wa pili alikosewa kidogo, wa tatu alikosewa sana. Kitenzi hakikubadili vazi.

Tarehe 6 Juni 2013, William Hague, Waziri wa Mambo ya Nje wa Uingereza, alisimama Bungeni kusema juu ya Wakenya walioteswa katika hali ya hatari iliyotangazwa mwaka 1952. Alikiri kwamba waliteswa mikononi mwa utawala wa kikoloni. Alitangaza malipo ya pauni milioni 19.9, pamoja na gharama za kesi, kwa madai ya watu 5,228. Kwa kitenzi kile kile alieleza hisia ya serikali yake juu ya mateso hayo, na papo hapo akakana kwamba ina dhima ya kisheria. Neno lililoteuliwa lilifungua mfuko, likauacha mlango wa dhima umefungwa.

Uzito wa neno hilo hupimika linapovushwa kuingia Kiswahili. Mfasiri akiandika kusikitika, msemaji huwa jirani aliyekuja matangani. Akiandika kujuta, huwa mkosaji aliyejitambua. Akiandika kuomba radhi, humtia kinywani ombi asiloliomba. Kiswahili hutenga pole na radhi. Pole hutolewa na yeyote apitaye njiani. Radhi hutakwa na aliyekosa, na uwezo wa kuitoa hukaa kwa aliyekosewa.

Mfalme Charles alipokuwa Nairobi, tarehe 31 Oktoba 2023, alisema kwamba maovu yale hayana udhuru, akataja huzuni kuu na sikitiko la ndani kabisa. Sifa za neno ziliongezwa. Neno lilibaki lile lile. Siku ya pili yake, huko Songea, Rais Frank-Walter Steinmeier wa Ujerumani aliomba msamaha kwa yale ambayo Wajerumani waliwatendea mababu wa watu wa pale zama za vita vya Maji Maji. Ombi la msamaha huvuka lugha bila kuangusha mzigo wake.

Haifuati kwamba neno zito ni bora daima. Asiyekosa akiomba radhi husema uongo, kama aliyekosa akitoa pole. Mwandishi wa barua rasmi hana budi kujiuliza kwanza ni nani aliyetenda, ndipo atafute kitenzi; akianza na kitenzi, mtendaji hupotea njiani. Wazee wa Kenya walipewa fedha na kauli. Fedha huhesabiwa mara moja zikaisha. Kauli hupimwa vizazi na vizazi, kwa neno lililosemwa na kwa lile lililokwepwa.