Kwa Nini Lori Halikusimama

Nilipokuwa katika chuo cha ualimu nilikariri maana za mwendo kama kasuku, nikafaulu mtihani, wala sikuelewa kitu. Nilielewa nilipokuja kufundisha Isiolo, na aliyenifumbua macho ni mwanafunzi wangu, mtoto wa wafugaji.

Siku moja nililiambia darasa kwamba mchungaji akitoka zizini alfajiri, akazunguka nyikani kilomita 12, akarudi zizini magharibi, uhamisho wake ni sifuri. Kijana yule akanyosha mkono. "Mwalimu, miguu yangu haikubali hesabu hiyo." Tulicheka, walakini alikuwa amegusa kiini cha jambo. Miguu huhesabu umbali. Uhamisho hauulizi njia uliyopita. Huuliza tu sasa uko mbali kiasi gani na ulipoanza, na upande gani. Kasi nayo ni hivyo: magari mawili yakipishana, moja laenda Marsabit na jingine Meru, mishale ya saa zao yaweza kuonyesha namba moja, na mwendo wao usiwe mmoja.

Baadaye kijana hakuonekana shuleni siku tatu. Aliporudi alisema lori limewaua mbuzi sita wa baba yake katika barabara ya Archer's Post. "Dereva aliniona, Mwalimu. Alipiga honi. Mbona hakusimama?" Aliamini kwamba wamedharauliwa.

Nikashika chaki. Lori liendalo kilomita 72 kwa saa hukata mita 20 kila sekunde. Tuseme breki hupunguza kasi hiyo kwa mita 5 kwa sekunde, katika kila sekunde ipitayo. Kubadilika huko kwa kasi ndiko kuitwako mchapuko, hata kukiwa ni kupungua. Lori litasimama baada ya sekunde 4, limekwisha kukata mita 40. Ongeza sekunde 1 ya dereva kuona na kukanyaga breki: mita 60. Je, likienda kilomita 108 kwa saa? Darasa lilitazamia mita 90. Hesabu ikatoa 120.

Zamani, kabla ya lami kukamilika hadi Moyale katika miaka ya 2010, malori yalijikokota juu ya mawe na vumbi. Lami imetuondolea taabu nyingi, ila mbuzi hawakupewa habari.

Jioni tulichukua kamba ya mita 10, tukapima kutoka mahali mbuzi walipovukia hadi kwenye kona ambako magari huchomoza. Kamba haikutimia mara tisa. Kijana aliitazama kona ile kwa kitambo, kisha akaikunja kamba polepole. Juma lililofuata baba yake alikuwa akivushia mbuzi mahali pengine, kwenye uwanda ulio wazi pande zote mbili.