Aibu Ugenini: SKAM na Suala la Uaminifu katika Kuhamisha Tamthilia

Neno skam katika Kinorwe lina maana ya aibu, nalo ndilo anwani ya tamthilia ya runinga iliyotungwa na Julie Andem na kutolewa na NRK, shirika la utangazaji la umma la Norwe, tangu Septemba 2015 hadi Juni 2017. Wahusika wake ni wanafunzi wa shule ya upili mjini Oslo, na kila msimu kati ya ile minne ulimfuata mhusika mkuu mmoja: Eva, Noora, Isak, kisha Sana. Vipande vifupi viliwekwa kwenye tovuti siku na saa ileile ambayo tukio lilikusudiwa kutendeka, ndipo vikaunganishwa kuwa kipindi kamili mwishoni mwa juma. Kabla ya kutunga, Andem na wenzake waliwahoji vijana wa Norwe ili wajue yanayowakera na yale wanayoyaficha. Tamthilia hiyo ikazaa matoleo ya Ufaransa, Italia, Ujerumani, Marekani, Uhispania, Uholanzi na Ubelgiji.

Hapo pana kitendawili. Kazi iliyochotwa kwa wenyeji wake kwa makini kiasi hicho huhamishwaje isife njiani? Wapo wanaoshikilia kwamba uaminifu ni kurudia visa na mazungumzo ya asili kwa kadiri lugha inavyoruhusu. Mtazamo huo una udhaifu, na matoleo ya SKAM yenyewe ndiyo yanayoudhihirisha.

Mabadiliko mepesi ni yale ya desturi. Katika msimu wa kwanza, wasichana watano wanaungana kujiandaa kwa sherehe za russ, ambapo wanafunzi wanaohitimu huvaa ovaroli, aghalabu nyekundu, na kuzunguka kwa mabasi hadi sikukuu ya taifa ya tarehe 17 Mei. Texas haina desturi ya namna hiyo. Katika SKAM Austin (2018), toleo la Marekani ambalo Andem mwenyewe aliliongoza, nafasi ya basi ilishikwa na kundi la dansi la shuleni. Kilichobaki ni kiu ya kijana kutaka kukubaliwa na wenzake, na kiu hiyo haihitaji basi.

Msomaji wa fasihi ya Kiswahili si mgeni wa jambo hili. Julius Nyerere alipoichapisha tafsiri yake ya Shakespeare kwa jina Mabepari wa Venisi mwaka 1969, miaka miwili baada ya Azimio la Arusha, neno wafanyabiashara lilikuwepo na lingetosha. Neno mabepari liliwapa hadhira ya Tanzania hukumu ambayo anwani ya Kiingereza haikuitamka.

Yapo, hata hivyo, mabadiliko ambayo mtunzi hayachagui. Sana ni Mwislamu anayevaa hijabu darasani. Mjini Oslo wanaomwonea ni watu: macho ya wenzake, maswali ya kijinga, jumbe za simu. Yeye huwajibu kwa ulimi mkali, na hijabu ni sehemu ya jibu lake. Toleo la Ufaransa lilifuata asili kwa karibu mno katika misimu yake ya mwanzo, lakini hapa halikuweza. Sheria ya mwaka 2004 inawakataza wanafunzi wa shule za umma nchini humo kuvaa alama za wazi za dini. Hivyo basi Imane, aliye mwenzake Sana, hana budi kuivua hijabu anapoingia shuleni. Mshindani wake si mwanafunzi mwenzake tena bali ni dola, nayo haijibiki kwa ulimi mkali. Lau watunzi wangemwacha avae hijabu darasani kama Sana, wangekuwa waaminifu kwa picha na waongo kwa maisha.

Aidha, pana mabadiliko ya hiari. Mwaka 2019 toleo la Uhispania lilimpa msichana, Cris, nafasi ya Isak, kijana anayempenda kijana mwenzake. Mwaka huohuo toleo la Ujerumani, DRUCK, lilimfanya mpenzi wa mhusika huyo kuwa mvulana aliyezaliwa akihesabiwa msichana. Wapo walioyaona hayo kuwa ukiukaji. Hata hivyo, ni vigumu kudai kwamba watunzi hao waliisaliti asili, kwa maana walirudia swali lake la msingi: ni aibu ya nani ambayo bado haijasemwa hapa?

Swali hilo halikomei Ulaya. Nchini Kenya, Mahakama ya Rufani iliamua mwaka 2016 kwamba wanafunzi wa Kiislamu waruhusiwe kuvaa hijabu katika shule iliyofadhiliwa na kanisa. Mwaka 2019 Mahakama ya Juu iliutengua uamuzi huo kwa misingi ya utaratibu wa kesi, na kiini cha mgogoro hakikutatuliwa. Sana wa Kenya, akitokea kutungwa, hangepita katika lango la Oslo wala la Paris. Angesimama mbele ya kanuni ya sare, mfadhili wa shule na mwalimu mkuu, pengine na mzazi anayehofia kumkosesha mwanawe nafasi ya masomo. Mtunzi atakayemhamisha atapaswa kwanza kuwasikiliza wasichana waliowahi kusimama hapo, kama Andem alivyowasikiliza vijana wa Norwe, kabla ya kuifungua hati ya asili.